Sauti ya Msimulizi na Ukimya wa Mwongozaji: Kutoka Jaribio la Sinema la Vugiri, Usambara, hadi Kazi za Flora M'mbugu-Schelling

Utangulizi

Mwaka 1935 kikundi kidogo cha Waingereza kilifungua karakana ya filamu huko Vugiri, katika ukingo wa kusini wa milima ya Usambara, juu ya mji wa Korogwe. Kwa muda wa miaka miwili hivi, mlima huo ukawa makao ya mradi wa kwanza mkubwa wa kutengeneza filamu kwa ajili ya watazamaji Waafrika katika Afrika ya Mashariki. Makala hii inaanzia hapo ili kueleza jambo lililotokea zaidi ya nusu karne baadaye na mbali na mlima huo. Jambo hilo ni safari ya kisanaa ya Flora M'mbugu-Schelling, mwongozaji huru wa filamu za hali halisi, ambaye mwaka 1992 alitoa filamu kuhusu wanawake wavunja kokoto wa Kunduchi, Dar es Salaam, na akaamua kutoweka ndani yake sauti yoyote ya msimulizi.

Hoja inayojengwa hapa ni kwamba uamuzi huo wa kunyamaza hauwezi kufahamika kikamilifu ukitazamwa kama mtindo tu. Hatudai kwamba M'mbugu-Schelling alikuwa akiijibu Vugiri kwa makusudi. Tunadai kwamba Vugiri iliweka utaratibu wa nani aseme na nani aonekane, na kwamba utaratibu huo uliendelea kuishi katika filamu za maelekezo za nchi hii hata baada ya uhuru. Mwongozaji anayeuacha lazima ajue mahali pa kupata fedha, watazamaji na kibali, na hapo ndipo uhuru wake unapopimwa.

Neno moja kuhusu istilahi. Vyombo vya utangazaji nchini hutumia zaidi "filamu ya makala", na vijana wa kazi hii husema "dokumentari". Tunatumia "filamu ya hali halisi", ijapokuwa jina hilo lina mtego wake: linamfanya msomaji aamini kwamba hali halisi imekwishapatikana na kazi ya kamera ni kuichukua tu. "Huru" nalo ni neno linalohitaji tahadhari. Katika mjadala huu linamaanisha mtu anayeamua mwenyewe nini kipigwe picha, kikatwe wapi na kimalizike vipi. Halimaanishi mtu asiyemtegemea yeyote kwa fedha. Mtu wa namna hiyo hatujamwona katika historia ya filamu ya Tanzania.

Vugiri, 1935 hadi 1937

Mradi wa Vugiri uliitwa, kwa tafsiri yetu, Jaribio la Sinema ya Elimu kwa Wabantu. Wazo lilitoka kwa J. Merle Davis wa Baraza la Kimataifa la Misheni, aliyekuwa ameongoza uchunguzi kuhusu athari za migodi ya shaba ya Rhodesia ya Kaskazini kwa maisha ya Waafrika, uchunguzi uliochapishwa mwaka 1933. Alihofia pengo lililokuwa likipanuka kati ya watu waliokwenda migodini na wazee wao waliobaki vijijini, na akaona sinema kama daraja. Shirika la Carnegie la New York lilitoa sehemu kubwa ya fedha. Ofisi ya Makoloni ya London iliunga mkono, na baraza la ushauri likawekwa chini ya Lord Lugard, mtu yule yule ambaye jina lake limeambatana na nadharia ya utawala usio wa moja kwa moja.

Waliopewa kazi yenyewe walikuwa wawili. Geoffrey Latham alikuwa mkurugenzi wa zamani wa elimu ya Waafrika huko Rhodesia ya Kaskazini. Meja L. A. Notcutt ndiye aliyekuwa fundi, na historia yake inatuhusu zaidi. Notcutt alikuwa meneja wa mashamba ya mkonge katika Afrika ya Mashariki, na kufikia mwaka 1926 alikuwa amekwishafikiri kwamba sinema ya shambani ingesaidia kuwafanya vibarua watulie na kuridhika. Alianza kama mtu wa kujaribu mwenyewe, akijifundisha ufundi kwa vifaa vichache. Kwa maana ya juu juu, basi, Notcutt ndiye "mtengenezaji huru" wa awali katika eneo hili: hakuwa na kampuni ya filamu nyuma yake wala studio. Lakini swali lililomwongoza lilikuwa la msimamizi wa shamba, yaani namna ya kumfanya mfanyakazi abaki kazini. Uhuru wa kifundi na uhuru wa kuuliza swali ni mambo mawili, na mfano wake unaonesha kwamba la kwanza linaweza kuwapo bila la pili.

Kwa nini mlimani? Jambo hili husahauliwa na wanaoandika historia ya filamu kwa kuangalia mada peke yake. Filamu ya zamani ilihitaji kuoshwa katika dawa zenye joto la kadiri na maji safi mengi, nayo Usambara ina maji na baridi. Korogwe ilikuwa kwenye reli ya Tanga, kwa hiyo mizigo ilifika kwa urahisi. Mashamba ya mkonge ya bondeni, mashamba ya milimani na vijiji vya Wasambaa vilikuwa karibu. Mtu aliyetaka kupiga picha za maisha ya Mwafrika wa shamba la mkonge na ya mkulima wa mlimani bila kusafiri wiki nzima asingepata mahali pengi pazuri kuliko hapo.

Kati ya mwaka 1935 na 1937 zilitengenezwa filamu 35 hivi. Mada zake zilikuwa kodi, safura, malaria ya watoto, mmomonyoko wa udongo, ushirika na benki ya akiba ya posta. Filamu kuhusu benki ya posta ni mfano wa mtindo wote: mfanyakazi mmoja anaficha mshahara wake nyumbani na kuibiwa, mwenzake anaupeleka posta. Hadithi ni fupi, kosa liko wazi, na mtazamaji anajua mapema nani ataadhibiwa. Latham alizungusha filamu hizo kwa lori lenye jenereta na projekta katika Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini, akizionesha uwanjani usiku.

Tukae kidogo kwenye suala la sauti, kwa maana ndilo kiini. Picha zilipigwa bila sauti katika filamu ya milimita 16, na maelezo yakarekodiwa kwenye santuri katika Kiswahili na lugha nyingine za Afrika ya Mashariki na ya Kati. Kwa upande mmoja, huu ulikuwa uamuzi wa busara: picha moja iliweza kusafiri na santuri za lugha mbalimbali. Kwa upande wa pili, ufundi huo ulifanya iwe vigumu sana kumsikia mtu aliyeonekana kwenye picha akisema kwa kinywa chake. Midomo yake ilitikisika, lakini sauti iliyosikika ilikuwa ya mtu mwingine, aliyesoma maneno yaliyoandikwa na wasimamizi wa mradi. Msimulizi alizaliwa hivyo, kutokana na bajeti na santuri kwanza, kisha akageuka kuwa kanuni. Mkulima alionekana bila kusema, na aliyesema hakuonekana.

Notcutt na Latham walitoa ripoti yao katika kitabu cha mwaka 1937. Humo walikiri kwamba vijana Waafrika wenye akili wangeweza kufundishwa sehemu kubwa ya kazi za kila siku za chumba cha giza na za kurekodi sauti, na hata baadhi ya kazi za ufundi wa kati. Ukilinganisha na mawazo yaliyotawala baadaye, hilo lilikuwa jambo la mbele. Kitengo cha Filamu cha Makoloni, kilichoundwa mwaka 1939 na kuongozwa na William Sellers, kilisimamia nadharia kwamba Mwafrika hawezi kufuata picha zinazobadilika upesi na kwamba filamu yake sharti iende polepole. Hata hivyo, orodha ya kazi ambazo Vugiri ilidhani Mwafrika angeziweza iliishia chumba cha giza. Kuandika hadithi, kuchagua mada na kuamua mwisho havikutajwa kabisa.

Fedha za Carnegie zilipokwisha mwaka 1937, serikali za makoloni hazikutaka kuubeba mradi, nao ukafungwa. Kati ya filamu zote zilizotengenezwa, tatu ndizo zinazofahamika kuwa zimesalia, nazo zimehifadhiwa katika nyaraka za Taasisi ya Filamu ya Uingereza: moja kuhusu mafunzo ya tiba ya mifugo kwa Waafrika, moja kuhusu safura, na moja kuhusu mashamba ya wakulima huko Kingolwira. Majina ya wasaidizi Waafrika, ambao bila shaka walibeba kamera, wakaosha filamu na kutafsiri, hayamo katika majina yanayotajwa mradi huu unapozungumziwa.

Matuta, na kilichotokea baada ya mhadhara

Ni vigumu kupima filamu za maelekezo zilifanya nini vichwani mwa watazamaji wa miaka ya 1930. Lakini Usambara yenyewe inatupa ushahidi wa pembeni, nao hauhusu filamu. Mwaka 1946 serikali ya kikoloni ilianzisha mpango wa kurekebisha ardhi katika bonde la Mlalo, kaskazini mwa Lushoto, na kufikia mwaka 1950 ukapanuliwa kuwa mpango wa Usambara nzima. Wakulima walilazimishwa kuchimba matuta kwenye miteremko ili kuzuia mmomonyoko, mada ile ile iliyokwishatengenezewa filamu na watu wa Vugiri. Wataalamu walikuwa na maelezo, takwimu na sheria. Wakulima, na hasa wanawake ambao jembe lilikuwa mikononi mwao, walikataa, na mnamo mwaka 1957 mpango ukaachwa.

Steven Feierman, katika utafiti wake uliochapishwa mwaka 1990, anaeleza kwamba mgogoro huo haukuwa kati ya elimu na ujinga. Wasambaa walikuwa na lugha yao wenyewe ya kuizungumzia afya ya nchi: kuzifya shi, yaani kuiponya nchi, na kubana shi, yaani kuiharibu. Katika lugha hiyo mvua, uongozi, rutuba na haki vilikuwa jambo moja. Mtu aliyekuja na maelezo ya udongo peke yake alikuwa ameleta sehemu ndogo ya mazungumzo na kuidhania kuwa ndiyo yote.

Tunaleta mfano huu kwa sababu unahamisha swali la filamu kutoka kwenye uzuri wa picha. Msimulizi wa Vugiri hakukosea kila alichokisema. Safura ni ugonjwa kweli, na choo huizuia. Kasoro yake ilikuwa kwamba mfumo haukuwa na mlango ambao hoja ya mtazamaji ingepitia kuingia ndani ya filamu. Mama wa Mlalo aliyekuwa na sababu zake za kukataa tuta asingeweza kuonekana katika filamu hiyo ila kama mfano wa mkaidi.

Msanii huru bila ukumbi

Baada ya uhuru, serikali ilianzisha Kampuni ya Filamu Tanzania mwaka 1968, na Taasisi ya Picha na Sauti ikafuata mwaka 1974 kwa msaada wa Denmark. Vyombo hivi vilifundisha mafundi wengi na kutoa kazi za thamani. Kampuni ya Filamu ilishiriki katika Arusi ya Mariamu (1985), iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge pamoja na Mmarekani Ron Mulvihill, na ndiyo iliyomlea Martin Mhando, ambaye baadaye alikwenda kufundisha Australia na mwaka 2001 akatoa Maangamizi pamoja na Mulvihill huyo huyo. Lakini kwa upande wa filamu za hali halisi, kazi kubwa ya mashirika ya umma ilikuwa kuhamasisha: kilimo cha kisasa, vijiji vya ujamaa, afya, elimu ya watu wazima. Nia ilikuwa tofauti sana na ya mkoloni. Muundo, kwa maoni yetu, ulibaki karibu vile vile. Sauti ya Kiswahili sanifu ilisikika juu ya picha ya mkulima anayelima.

Katika mazingira haya Flora M'mbugu-Schelling alifanya kazi nje ya mashirika hayo. Filamu yake Kumekucha (1987) inafuata maisha ya wanawake wa Tanzania, kazi zao za kutwa nzima na juhudi zao za kujipatia kipato. Ni kazi yenye maelezo zaidi, na ndani yake bado tunasikia haja ya kumfafanulia mtazamaji. Kisha mwaka 1992 ikaja These Hands, yaani "Mikono Hii", yenye muda wa dakika 45. Mwaka uliofuata alitoa Shida na Matatizo. Filamu tatu katika muda wa miaka sita ni kasi nzuri kwa mtu asiye na mshahara wa shirika, na pia ni kipimo cha ugumu: kila filamu ilihitaji kuanzishwa upya, kwa fedha mpya na kwa maombi mapya.

These Hands inaonesha wanawake, wengi wao wakimbizi kutoka Msumbiji iliyokuwa vitani, wakivunja mawe kwa nyundo katika machimbo ya Kunduchi ili kupata kokoto za ujenzi. Hakuna msimulizi, na mazungumzo ni machache mno. Kinachosikika ni nyundo juu ya jiwe, watoto, upepo, nyimbo. Kamera inakaa na kitendo kimoja hadi mtazamaji aanze kuhesabu mapigo bila kuambiwa ahesabu. Mtu aliyezoea filamu ya maelekezo hupata taabu katika dakika za mwanzo, akingoja aambiwe afikiri nini. Kisha huanza kuona mambo ambayo msimulizi angeyafunika: namna mama anavyogeuza jiwe kutafuta ufa kabla ya kulipiga, namna mtoto anavyolala karibu na kelele ile bila kushtuka, namna wimbo unavyopanga mwendo wa kazi.

Mkosoaji anaweza kuuliza kama ukimya nao si namna ya kumnyima mtu sauti. Ni swali la haki, na hatuliepuki. Iwapo mkulima wa Vugiri hakusikika, mvunja kokoto wa Kunduchi naye, kwa maneno, hasikiki sana. Tofauti iko katika nafasi iliyoachwa. Katika filamu ya Vugiri ukimya wa mkulima umejazwa na maneno ya mwingine; katika These Hands haukujazwa. Sauti inayobaki ni ya kazi yenyewe na ya nyimbo ambazo wanawake hao wanaimba wao wenyewe, kwa kupenda kwao na kwa ajili yao. Hata hivyo, mtazamaji asiyejua lugha ya wimbo anapoteza kitu, na tungependa kuona siku moja nakala yenye maandishi ya Kiswahili chini ya picha, yakitafsiri kila ubeti.

Jambo linalotuumiza zaidi ni mahali ilipokwenda filamu hiyo. Nchini Marekani ilisambazwa na California Newsreel katika mkusanyiko wake wa sinema ya Afrika, na wanafunzi wa vyuo vya huko wakaitazama na kuijadili darasani. Nyumbani hali ilikuwa tofauti. Zanzibar ilikuwa na televisheni tangu miaka ya 1970, lakini Tanzania Bara haikuwa na kituo chochote hadi mwaka 1994, miaka miwili baada ya filamu kutoka. Majumba ya sinema yaliishi kwa filamu za kibiashara za India, Marekani na Hong Kong. Lori la Latham lilikuwa limekwenda zamani. Kwa hiyo mwongozaji aliyekataa kumhutubia mwananchi hakuwa na njia ya kawaida ya kumfikia mwananchi huyo, wakati aliyehutubia alikuwa na lori, jenereta na uwanja. Anayelinganisha sanaa za zama hizi mbili bila kulinganisha pia njia zake za usambazaji atatoa hukumu ya upande mmoja.

Kibali, fedha na lugha

Kamera ya kidijitali imepunguza gharama ambazo zilimfunga mtu wa mwaka 1987. Kijana wa Lushoto leo anaweza kupiga picha ya wanawake wanaoshusha kabichi na karoti kuelekea soko la Soni, akazihariri nyumbani na kuziweka kwenye intaneti siku hiyo hiyo. Dawa za kuoshea filamu na maji baridi ya Vugiri havihitajiki tena. Vizuizi vingine vimebaki. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya mwaka 1976 inamtaka mtengenezaji awe na kibali kabla ya kupiga picha, na filamu iliyokamilika ipitiwe kabla ya kuoneshwa hadharani. Anayetengeneza tamthilia huandika hadithi yake kwanza, kwa hiyo anaweza kuiwasilisha. Anayefuata maisha ya watu kama M'mbugu-Schelling alivyofuata hana hadithi ya kuwasilisha mapema, kwa kuwa hadithi huipata akiwa kazini. Sheria haikumlenga yeye, lakini yeye ndiye inayemgusa zaidi.

Fedha nazo zina sauti yake. Mfadhili wa mradi wa lishe au wa misitu hutaka filamu inayomalizika kwa mafanikio ya mradi, na hapo msimulizi hurudi kwa mlango wa nyuma, mara nyingi akiwa na muziki laini chini yake. Tumetazama filamu fupi kadhaa za namna hiyo zilizopigwa katika vijiji vya Usambara. Mandhari ni ya kupendeza, na ukungu wa asubuhi juu ya Magamba haukosekani. Mkulima hupewa sekunde chache za kusema, aghalabu ashukuru. Anaposema kwa Kisambaa, sauti yake hupunguzwa na Kiswahili cha msimulizi huwekwa juu yake, ingawa maandishi chini ya picha yangetosha na yangegharimu kidogo kuliko kumlipa msomaji.

Upande wa nyaraka, zile filamu tatu za Vugiri bado ziko Uingereza. Nakala zake zinaweza kuombwa kwa ajili ya Nyaraka za Taifa na kuoneshwa Vugiri na Korogwe, ambako huenda bado wapo wajukuu wa watu waliofanya kazi katika karakana ile. Wajukuu hao ndio wanaoweza kutuambia majina ambayo ripoti ya mwaka 1937 haikuyaweka. Kazi hiyo haina haja ya kusubiri mradi mkubwa: projekta, shuka nyeupe, kinasa sauti, na mtafiti anayekubali kukaa kimya wakati wazee wanatazama.